Mapengo Ukutani

Leo nakuomba unisindikize hadi kwenye chumba chenye ukuta mrefu. Ukuta wote umepangwa picha, safu juu ya safu, nyeusi na nyeupe, kila picha mtu mmoja. Hakuna anayecheka na hakuna anayelia. Wote wanamtazama aliyeingia, kwa utulivu wa mtu aliyeketi barazani kwake. Ukizidi kuangalia utaona safu hazikukamilika. Hapa pana nafasi ya picha moja, haina kitu, rangi ya ukuta tu. Pale tena, na kule juu. Utadhani mafundi wameondoka kabla ya kumaliza kazi, lakini nafasi zile zimeachwa kwa makusudi. Nyingine zinamngoja mtu ambaye bado hajapigwa picha. Nyingine ni za waliotoka, na kati ya waliotoka wamo waliokwisha kufa.

Mfululizo huo unaitwa Faces and Phases, kwa tafsiri yangu Nyuso na Awamu. Aliyeupiga ni Zanele Muholi wa Afrika Kusini, na tangu mwaka 2006 hadi sasa amekusanya sura zaidi ya 500 za wanawake weusi wanaopenda wanawake, na za watu ambao mwili waliozaliwa nao haukulingana na wanavyojijua. Muholi mwenyewe ni mmoja wao. Alizaliwa mwaka 1972 Umlazi, kitongoji cha watu weusi kilicho nje ya Durban. Mama yake, Bester, alifanya kazi za ndani katika nyumba ya Wazungu kwa zaidi ya miaka 40. Baba yake asili yake Malawi. Kamera aliisomea Johannesburg, kwenye shule ya Market Photo Workshop, iliyoanzishwa na mpigapicha David Goldblatt mwaka 1989 ili vijana waliofungiwa milango na ubaguzi wa rangi nao wapate kushika kamera.

Jambo moja dogo la lugha kabla sijaendelea. Muholi hajihesabu mwanamke wala mwanamume, na wanaoandika Kiingereza wameombwa wamtaje kwa kiwakilishi cha wingi. Kiswahili hakina tatizo hilo. Sisi tunasema "yeye" na safari inaendelea. Nimefikiri sana juu ya hili wiki hii: lugha yetu haimuulizi mtu jinsia yake kabla ya kumtaja.

Turudi mwaka 2006. Katiba ya Afrika Kusini ya mwaka 1996 ilikuwa ya kwanza duniani kuandika wazi kwamba mtu asibaguliwe kwa sababu ya yule anayempenda. Tarehe 1 Desemba 2005 Mahakama ya Katiba iliamua kwamba kuwanyima ndoa watu wa jinsia moja ni kuvunja katiba hiyo, na mwisho wa Novemba 2006 sheria ya ndoa hizo ikaanza kutumika. Kwenye karatasi mambo yalikuwa yamekwisha. Mitaani hayakuwa yamekwisha. Aprili 2008, katika kitongoji cha KwaThema, aliuawa Eudy Simelane, mchezaji aliyewahi kuichezea timu ya taifa ya wanawake, mtu ambaye hakuficha kwamba anapenda wanawake. Hakuwa wa kwanza wala wa mwisho. Sheria ilimlinda mahakamani, haikumlinda njiani kurudi nyumbani.

Hapo ndipo kamera ya Muholi ilipoingia. Picha ya kwanza ya mfululizo ni ya Busi Sigasa, mshairi, iliyopigwa Braamfontein, Johannesburg. Mwaka uliofuata, 2007, Busi alifariki akiwa kijana wa miaka ishirini na kitu. Fikiria uzito wa jambo hilo kwa mtu aliyekuwa ndiyo kwanza anaanza kazi: sura ya kwanza aliyoipokea, na kabla hajafika mbali mwenye sura hayupo. Tangu hapo kila picha ina mambo matatu chini yake: jina la mtu, mahali, na mwaka. Hakuna "mwanamke asiyejulikana". Hakuna "mwathirika". Muholi anawaita washiriki, kwa sababu walikuja kwa hiari yao, wakachagua nguo zao, wakasimama walivyotaka kusimama.

Nina shangazi Tanga ambaye sebule yake ilikuwa na picha za ukoo mzima: harusi, maulidi, mahafali, mjomba na baiskeli yake mpya. Siku moja nilikwenda nikakuta picha moja haipo. Ilikuwa ya binamu yetu mmoja. Mahali ilipokuwa pamebaki mraba wa rangi safi, kijani ya zamani, katikati ya ukuta uliofifia kwa jua na moshi wa uvumba. Sikuuliza na sikuambiwa. Sote tulijua maneno yaliyokuwa yakisemwa juu ya yule binamu. Tulikunywa chai chini ya mraba ule kana kwamba haupo. Nimeuona mara nyingi tangu siku hiyo, hata nikiwa mbali na Tanga, na nadhani ndiyo sababu ukuta wa Muholi umenishika namna hii. Kwetu pengo lilikuwa adhabu. Kwake pengo ni heshima, mtu ametunziwa mahali pake.

Sasa nije kwenye kuta zenyewe, maana picha haijitundiki. Kuna mwenye chumba, kuna mwenye funguo, kuna anayeamua taa iwake wapi.

Agosti 2009, Johannesburg, palifunguliwa maonyesho ya wanawake wasanii pale Constitution Hill. Mahali hapo pana historia yake. Ilikuwa ngome na gereza. Gandhi alifungwa pale, Mandela alifungwa pale. Ubaguzi ulipoanguka, sehemu ya gereza ilibomolewa, na matofali yake yakatumika kuijenga Mahakama ya Katiba, ile ile iliyotoa uamuzi wa ndoa nilioutaja. Ndani ya uwanja huo picha za Muholi za wanawake wawili waliokumbatiana zilitundikwa. Waziri wa Sanaa na Utamaduni wa wakati huo, Lulu Xingwana, alikuwa amealikwa kuyafungua maonyesho. Alifika, akatazama, akageuka akaondoka bila kuhutubia. Habari ilipofika magazetini miezi kadhaa baadaye, maelezo yake yalikuwa kwamba picha zile ni kinyume cha maadili na kinyume cha ujenzi wa taifa.

Wengi wamemlaumu waziri, na mimi namlaumu, kwa sababu taifa alilosema linajengwa lilikuwa limewahesabu watu wale kwenye katiba yake. Lakini leo sitaki kukaa sana juu ya waziri. Nataka kumtazama mwenyeji. Wahenga walisema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Nyumba za sanaa zimepona kwa kazi hizi. Muholi amewakilisha nchi yake kwenye maonyesho ya Venice mwaka 2013 na akarudi mji ule tena mwaka 2019. Tate Modern ya London ilimfungulia kumbi zake Novemba 2020, janga la korona likaifunga milango, nao wakamrudisha Juni 2024 hadi Januari 2025. Picha hizo zinauzwa, zinakusanywa, zinatembelewa na maelfu. Wenyeji wamepata sifa na watazamaji. Swali langu la usiku huu ni jepesi kulitamka: mgeni naye amepona?

Julai 2017 jumba la Stedelijk, Amsterdam, lilifungua maonyesho makubwa ya Muholi. Kama ilivyo desturi yake, hakwenda peke yake. Alisafiri na kundi la vijana wenzake, wengine kati yao ndio wenye sura zilizo ukutani, kwa sababu anaamini mtu ana haki ya kusimama mbele ya picha yake na kuizungumzia kwa mdomo wake. Walipanga nyumba mjini. Siku ya kuondoka palitokea mabishano kuhusu saa ya kutoka, na mwenye nyumba akamsukuma mmoja wa vijana wale, mwanamke mweusi, akaporomoka ngazini. Tukio lilirekodiwa kwa simu. Alipelekwa hospitali. Siku hizo hizo, katika mji huo huo, watu walikuwa wakipanga foleni kuzitazama sura za kundi lile kwa sauti ya chini, kama tunavyozungumza msikitini au kanisani.

Silaumu jumba kwa ngazi ambazo si zake. Nasema tu kwamba ukuta una mpaka wake, na mtu aliye kwenye picha anaishi ng'ambo ya mpaka huo. Anayemtundika anakuwa mwenyeji wake, apende asipende. Na mwenyeji, kwa desturi yetu, hamwachi mgeni mlangoni. Anamsindikiza mpaka njia panda, na kama giza limeingia, anamsindikiza mpaka kwake.

Mwenyeji mmoja aliyelijua hilo alikuwa Koyo Kouoh, mzaliwa wa Cameroon, aliyeanzisha kituo cha sanaa kiitwacho Raw Material Company mjini Dakar, Senegal. Mei 2014, wakati mji umejaa wageni wa tamasha la Dak'Art, kituo chake kilifungua maonyesho kuhusu namna wapenzi wa jinsia moja wa Afrika wanavyoonekana na wanavyofichwa. Muholi alikuwamo. Alikuwamo pia Jim Chuchu wa Nairobi. Na katika kuyaandaa, Kouoh alishirikiana na msanii mwingine wa Kenya, Ato Malinda. Muda mfupi baada ya kufunguliwa, jengo lilishambuliwa na kuharibiwa, na maonyesho yakafungwa kabla ya wakati wake. Kouoh hakuhama mji na hakufunga kituo. Miaka mitano baadaye akachukua uongozi wa jumba la Zeitz MOCAA mjini Cape Town, na alikuwa ameteuliwa kuyasimamia maonyesho ya Venice ya mwaka 2026 kifo kilipomkuta Mei 2025. Simtaji ili kumtukuza tu. Namtaja kwa sababu palipopigwa palikuwa pake, na akabaki.

Sasa nisikilize hapa, hasa wewe uliye Afrika Mashariki, maana tofauti kati yetu na Johannesburg ni kubwa. Pale, jina chini ya picha lina katiba nyuma yake, hata kama mtaani katiba inachelewa kufika. Kwetu jina linaweza kuwa hati ya kukamatwa. Kenya ina vifungu vya adhabu vilivyoachwa na mkoloni, na Mei 2019 Mahakama Kuu ilikataa kuvifuta. Tanzania ina vyake, na adhabu yake yafika kifungo cha maisha. Uganda mwaka 2023 ilipitisha sheria inayofika hadi adhabu ya kifo kwa baadhi ya makosa. Kwa hiyo anayedhani ataiga ukuta wa Muholi hapa, majina na mitaa na miaka, anacheza na maisha ya watu.

Wasanii wa Nairobi walilielewa hili mapema. Kundi la Nest Collective, analotoka huyo Jim Chuchu, lilikusanya masimulizi ya Wakenya wanaopenda watu wa jinsia yao, likayafanya filamu fupi tano, nyeusi na nyeupe kama zile picha, kwa jina la Stories of Our Lives. Sura unazoziona ni za waigizaji. Wenye masimulizi hawatajwi. Hata waliotengeneza walikuwa wamekusudia kuficha majina yao, na ni filamu ilipoonyeshwa Toronto Septemba 2014 ndipo baadhi yao walipojitokeza, wakachukua hatari hiyo juu ya migongo yao wenyewe, wale waliowasimulia wakabaki kivulini. Nyumbani bodi ya filamu iliipiga marufuku, na mmoja wa watayarishaji akakamatwa kwa madai ya kupiga filamu bila kibali. Lakini waliosimulia walibaki bila kutajwa. Kwangu mimi hiyo ni sanaa kubwa sawa na ukuta wa Muholi. Huyu aliandika jina, hawa walificha jina, na wote walikuwa wakifanya kazi moja.

Ato Malinda naye alifanya jambo ambalo nimelipenda kuliko yote. Mwaka 2014 alitengeneza kazi yenye jina la Kiswahili, Mshoga Mpya. Alizungumza na watu wa Nairobi, akayabeba maneno yao, kisha akaketi ndani ya kijumba kidogo chenye nafasi ya watu wawili. Mtazamaji anaingia peke yake. Mlango unafungwa. Msanii anamsimulia, uso kwa uso, kisha anatoka na mwingine anaingia. Hakuna umati, hakuna mtu wa kumtazama jirani yake kwanza ili ajue acheke au akasirike. Mtu mmoja anamsikia mtu mmoja. Hayo ndiyo mazungumzo ambayo kwetu hufanyika usiku jikoni, ndugu wawili, taa imepunguzwa. Na tazama alivyolichukua neno lenyewe. Pwani mwanamke humwita rafiki yake wa ndani "shoga", wakapeana siri na kanga, na hakuna anayeshtuka. Neno hilo hilo likielekezwa kwa mwanamume linakuwa jiwe. Malinda aliliokota, akaliwekea neno "mpya" pembeni, akaliita jina la kazi yake.

Sinema nayo ni ukuta, tena ukuta wa umma. Filamu ya Rafiki ya Wanuri Kahiu, kuhusu wasichana wawili wa Nairobi wanaopendana, ilipigwa marufuku Kenya Aprili 2018. Septemba mwaka huo Mahakama Kuu iliifungulia mlango kwa siku 7, na katika siku hizo kumbi zilijaa, watu wakarudishwa mlangoni. Siku ya nane mlango ukafungwa. Nimeitaja kwa ufupi kwa sababu yanayohusu watazamaji sina shaka nayo: watazamaji wapo.

Najua yupo msikilizaji aliyekwisha kunyoosha mkono azime redio, anayesema haya ni mambo ya kigeni. Ndugu yangu, usizime bado. Sikuombi uache dini yako wala uibadili. Nakuomba jambo moja tu, ukumbuke sura ya mmoja unayemjua. Maana yupo. Ni aliyekushonea nguo ya Idi, aliyekufundisha hesabu, aliyembeba mama yako hadi hospitali. Kigeni kwetu ni kile kifungu cha sheria kilicholetwa kwa meli.

Kuhifadhi nako ni kazi ya mwenyeji, na katika hili New York ina kisa. Mwaka 1969 Charles Leslie na mwenziwe Fritz Lohman walitundika kazi za wasanii mashoga ndani ya nyumba yao wenyewe, mtaa wa SoHo, kwa sababu hakuna nyumba ya sanaa iliyozitaka. Miaka ya themanini ukimwi ukaanza kuwachukua wasanii hao mmoja mmoja. Baadhi ya familia zilikuja kufunga vyumba vya marehemu na kutupa kila kilichowaaibisha, michoro ikiwemo. Wale wawili wakawa wanakwenda kuziokoa kazi hizo. Mwaka 1987 mkusanyiko ukawa taasisi, na leo ni jumba la makumbusho, Leslie-Lohman. Kilichoanza sebuleni kwa watu wawili ndicho kilichonusurika.

Muholi mwenyewe anajua gharama ya kutohifadhiwa. Aprili 2012 wezi waliingia nyumbani kwake Cape Town, wakachukua diski zaidi ya 20 za kuhifadhia picha. Miaka kadhaa ya kazi iliondoka, zikiwemo picha za mazishi ya waliouawa. Waliowapoteza ndugu zao kwanza kwa kisu wakawapoteza mara ya pili kwa wizi. Yeye alianza upya kupiga.

Kwa hiyo hukumu yangu juu ya nyumba za sanaa ni hii. Kutundika ni hatua rahisi zaidi. Usiku wa ufunguzi, juisi na sambusa, hotuba na kamera, hayo yanawezekana kwa yeyote mwenye chumba na taa. Nazipima nyumba hizi kwa wiki ya pili na ya tatu: nani alilipa nauli ya mshiriki kuja kujiona, nani anapokea simu yake akifukuzwa kwenye chumba alichopanga, picha yake ikiuzwa ng'ambo yeye anaambiwa, zikipotea nakala kuna nyingine iliyowekwa wapi. Muholi ameyafanya mengi ya hayo kwa mfuko wake. Haifai mgeni awe ndiye mwenyeji wa kila mtu.

Naongea nawe sasa uliye na funguo za ukumbi, uwe Dar es Salaam, Kampala, Mombasa au Bujumbura, na hata wewe mwenye sebule tu na misumari minne. Kabla hujapiga msumari wa kwanza, keti na mwenye sura. Muulize jina lake liandikwe au lisiandikwe, na jibu lake liwe la mwisho. Muulize mama yake anaishi mtaa gani na nani atapita pale kesho asubuhi. Akikuambia baada ya mwezi kwamba ameogopa, picha ishuke, ishushe siku hiyo hiyo bila kumuuliza sababu. Na nafasi yake usiijaze.